Kwa nini Lusaka ilikuwa karibu kuliko Lindi

Katikati ya miaka ya 1970, lori lililopakia mbolea bandarini Dar es Salaam liliweza kwenda hadi Tunduma, zaidi ya kilomita 900, bila kuacha lami. Lindi iko nusu tu ya umbali huo. Lakini lori hilohilo likielekezwa kusini lingemaliza lami njiani, likaingia kwenye vumbi au tope kutegemea mwezi, halafu likasimama kwenye foleni ya pantoni pale Ndundu, ukingoni mwa Rufiji. Masika yakikolea hata foleni haikuwepo, maana hapakuwa na njia ya kuifikia. Hali ilikuwa hivyo hadi mwaka 2003, zaidi ya miaka 40 baada ya uhuru, na mabaki yake yalidumu kupita hapo.

Watu wa kusini wana jibu fupi la jambo hili: tulisahauliwa. Lina ukweli wake, ila haliwezi kueleza kwa nini wengine walikumbukwa. Ukifuatilia historia ya barabara kuu na madaraja ya Tanzania, unakuta karibu kila kipande cha lami cha mwanzo kilijengwa kwa ajili ya mzigo wa mtu fulani aliyekuwa na haraka. Mara nyingi mtu huyo hakuwa mkazi wa pale barabara ilipopita.

Tuanze na reli, kwa sababu barabara zilianza kama watumishi wake. Wajerumani walianza kujenga Reli ya Usambara kutoka Tanga mwaka 1893, ikafika Moshi mwaka 1911. Reli ya Kati iliondoka Dar es Salaam mwaka 1905 na kufika Kigoma mwaka 1914, vita vikiwa mlangoni. Zote mbili zinatoka bandarini kwenda bara, zikifuata mkonge, kahawa na biashara ya Kongo. Barabara za wakati huo zilikuwa njia za kutoa mazao shambani na kuyafikisha stesheni, basi. Waingereza walipoingia hawakubadilisha mantiki hiyo. Katika miaka ya 1930 waliweka hata sheria ya kuzuia malori kubeba mizigo pale ambapo reli tayari ilikuwepo, ili treni isinyang'anywe wateja. Barabara nzuri inayokwenda sambamba na reli ilikuwa, machoni pao, hasara.

Kusini kulikuwa na bahati mbaya ya pekee. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia, serikali ya Uingereza ilianzisha mradi mkubwa wa karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea ili kupata mafuta ya kula kwa ajili ya watu wake. Kwa ajili ya karanga za Nachingwea ilijengwa bandari ya kina kirefu Mtwara na reli ya kuihudumia. Mradi ulianguka vibaya. Mwaka 1951 ulifutwa. Bandari ilibaki, ila reli, baada ya kukosa mzigo, iling'olewa mwanzoni mwa miaka ya 1960. Kwa hiyo muda mfupi baada ya Tanganyika kupata uhuru, Mtwara ilikuwa na gati zuri lisilo na reli nyuma yake, na barabara ya kwenda makao makuu ya nchi ilikuwa ikikatwa na mto kila mwaka. Watu walisafiri kwa meli.

Barabara iliyojengwa kwa hasira

Kilichobadilisha ramani kilitokea Salisbury, mji mkuu wa Rhodesia (Zimbabwe ya leo), si Dar es Salaam. Tarehe 11 Novemba 1965, serikali ya walowezi wa Rhodesia chini ya Ian Smith ilijitangazia uhuru wake yenyewe. Dunia iliiwekea vikwazo, na walioumia mapema kuliko wote walikuwa Wazambia. Zambia ilikuwa na mwaka mmoja tu tangu ijitawale. Shaba yake ilitoka na mafuta yake yaliingia kwa kupitia Rhodesia. Mafuta yalipokatwa, ndege za Uingereza, Marekani na Kanada zililazimika kubeba mapipa angani, jambo la gharama za kichaa, huku Lusaka wakigawiana petroli kwa kipimo.

Njia pekee ya haraka iliyobaki ilikuwa Dar es Salaam. Barabara ilikuwepo, kwa maana kwamba ilichorwa kwenye ramani. Sehemu kubwa ilikuwa udongo na changarawe, na mvua ikinyesha magari yalizama hadi kwenye bodi. Malori ya mafuta yaliteleza makorongoni kiasi kwamba njia nzima ilipewa jina la Kiingereza lenye maana ya mbio za jehanamu. Madereva waliokwenda na kurudi salama walihesabiwa kuwa na bahati.

Hapo ndipo fedha zilipoanza kutafutana. Nyerere na Kaunda walitaka reli. Benki ya Dunia ilikuwa imekwisha kusema reli hailipi, afadhali barabara iboreshwe. China ikakubali kujenga reli, mkataba ukatiwa saini mwaka 1967. Marekani, ambayo haikupenda kuona Wachina wakisifiwa peke yao, ikaweka fedha kwenye barabara, pamoja na Benki ya Dunia. Kabla ya vyote viwili, bomba la mafuta la TAZAMA, lenye kilomita 1,710, lilikwisha kuanza kazi mwaka 1968. Matokeo yake ni jambo ambalo sidhani kama lina mfano mwingine Afrika: katika muda wa miaka kumi hivi, nchi mbili maskini zilipata bomba, barabara ya lami na reli ya kilomita 1,860, vyote vikitoka bandari moja kwenda eneo moja, kwa sababu mataifa makubwa yalikuwa yakitunishiana misuli.

Ukisafiri leo unaona alama za mashindano hayo. Tangu Dar es Salaam reli inaachana na barabara. TAZARA, yaani reli hiyo, inapita bonde la Kilombero, Ifakara na Mlimba, halafu inapanda milima kwa mahandaki na madaraja mengi. Barabara inaambaa na bonde la Ruaha Mkuu penye mibuyu, inapanda Kitonga, inapita Iringa na Mafinga. Vinakutana tena Makambako. Wajenzi wa reli walihitaji mteremko mpole kwa sababu treni haipandi mlima mkali. Wajenzi wa barabara walikubali kona za Kitonga ili kufupisha kazi. Gharama ya uamuzi huo bado inalipwa kila lori linapofeli breki pale mlimani na foleni kujaa pande zote mbili.

Kipande kingine cha ajabu ni Mikumi kwenyewe. Hifadhi ilitangazwa mwaka 1964, kabla lami haijafika, na barabara kuu ikapitishwa katikati yake kwa takriban kilomita 50. Ndiyo maana abiria wa basi la Mbeya anaona tembo bure, na ndiyo maana kuna kibao chenye orodha ya wanyama na faini ya kila mmoja kwa dola, kwa dereva atakayemgonga.

Mizani na hesabu ya kutisha

Msafiri wa barabara hii anazijua foleni za mizani: Vigwaza, Mikese, Makambako na nyingine. Wengi hudhani ni mahali pa kukusanya faini tu. Kuna hesabu nyuma yake, na inafaa kueleweka.

Mwishoni mwa miaka ya 1950, Wamarekani walijenga vipande vya barabara za majaribio katika jimbo la Illinois, wakawaweka madereva wa jeshi kuzunguka na malori usiku na mchana kuanzia 1958 hadi 1960, mpaka lami ikapasuka. Walichogundua ni kwamba uharibifu hauongezeki sawasawa na uzito. Unaongezeka kwa karibu kipeo cha nne. Ekseli ya tani 10 haiumizi barabara mara 10 kuliko ekseli ya tani moja. Inaiumiza kama mara 10,000. Ndiyo kusema magari madogo yote yanayokwenda Morogoro Ijumaa jioni ni kama hayapo, kwa upande wa lami.

Sasa weka mzigo wa ziada. Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2016 inaruhusu tani 10 kwa ekseli moja yenye matairi manne, na tani 56 kwa gari zima. Mwenye lori akizidisha asilimia 20 tu kwenye ekseli, uharibifu unakuwa zaidi ya maradufu. Barabara iliyosanifiwa kuishi miaka 20 inakufa katika miaka isiyofika kumi. Kwa hiyo pale mizanini, lori linapojivuta polepole juu ya bamba la chuma, kundi moja la ekseli baada ya jingine, na dereva akisubiri tiketi yake dirishani, kinachoangaliwa si jumla peke yake. Gari linaweza kuwa na jumla halali na bado likakamatwa kwa sababu magunia yalipangwa nyuma zaidi. Utingo anapanda juu, anaanza kusogeza mzigo mbele, na saa mbili zinapita.

Miaka ya 1970 na 1980 hapakuwa na usimamizi wa namna hiyo wala fedha za kuziba mashimo. TANZAM, yaani barabara hiyo ya kwenda Zambia, iliyogharimu mamilioni, ilichakaa vibaya baada ya muda mfupi sana. Mwaka 1973 Rhodesia ilifunga mpaka wake na Zambia, malori yakaongezeka, na lami ikapokea mzigo ambao haukuwepo kwenye michoro. Somo hilo ndilo lililozaa Mfuko wa Barabara, unaokula tozo ya kila lita ya mafuta unayonunua, na mwaka 2000 Wakala wa Barabara, TANROADS.

Rufiji

Turudi kusini, penye fumbo lenyewe. Hata kama serikali ya miaka ya 1970 ingekuwa na nia, Rufiji si mto wa mchezo. Unakusanya maji ya karibu sehemu moja ya tano ya nchi: Ruaha Mkuu, Kilombero na Luwegu vyote vinamwaga humo. Ukifika chini karibu na Utete na Ndundu, mto umetoka milimani na unatambaa kwenye tambarare ya mchanga na udongo mfinyanzi. Kiangazi unaweza kuudharau. Masika unavuka kingo na kulifanya bonde zima kuwa ziwa. Na mkondo wake unahama.

Mhandisi anayejenga hapo ana matatizo matatu kwa pamoja. Hana mwamba wa karibu wa kukanyagia nguzo, lazima azamishe nguzo chini sana kwenye mchanga. Mchanga wenyewe unachimbwa na maji yanapoizunguka nguzo, vilevile unavyosimama ufukweni wimbi likirudi na kuhisi mchanga ukitoka chini ya kisigino. Mafuriko moja yanaweza kuondoa kina cha kutosha kuiangusha nguzo ambayo kwa macho ilionekana imara. Tatu, na hili ndilo husahaulika, daraja haliishii mtoni. Tuta la barabara linalolifikia, likijengwa juu ya tambarare ya mafuriko, linageuka bwawa. Maji yakirundikana upande mmoja, yatatafuta pa kutokea.

Kabla ya daraja, palikuwa na pantoni. Abiria walishuka kwenye basi, wakavuka kwa miguu na mizigo ya mikononi, gari likafuata, ng'ambo wakapanda tena. Pantoni ikiharibika, au maji yakipanda hadi gati la kupakia likazama, watu walilala hapohapo. Bei ya sukari na simenti Lindi na Mtwara ilikuwa na gharama ya kungoja huko ndani yake. Korosho zilitoka kwa meli.

Daraja lilipokuja lilikuwa na urefu wa mita 970, limejengwa kwa fedha za serikali na mikopo ya mifuko ya nchi za mafuta, pamoja na ule wa Kuwait. Lilifunguliwa Agosti 2003 na kupewa jina la Rais Benjamin Mkapa, ambaye kwao ni Masasi. Kuna waliosema amejijengea njia ya kwenda nyumbani. Mimi naona hoja hiyo ni nyepesi. Ajabu ni kwamba ilibidi kusubiri rais wa kutoka kusini ndipo kizingiti hicho kionekane kizingiti.

Lakini daraja likawa kisiwa cha zege. Kilomita 60 kati ya Ndundu na Somanga ziliendelea kuwa tope kwa miaka mingi baada ya utepe kukatwa. Mabasi yalivuka Rufiji kwa dakika moja, kisha yakakwama saa nyingi mbele. Ujenzi wa kipande hicho ulichukua muda mrefu kuliko daraja lenyewe, na lami kamili ilipatikana katika miaka ya 2010. Udongo wa tambarare ile hauvumilii njia za mkato: ukilowa unavimba, ukikauka unapasuka, na lami iliyowekwa juu yake bila kuubadilisha inapinda.

Mei 2024, baada ya mvua za El Niño, Kimbunga Hidaya kilifika pwani ya kusini. Daraja la Mkapa lilisimama. Vilivyoondoka ni makalvati na madaraja madogo ya vijito upande wa Kilwa, ambavyo hakuna rais aliyewahi kuvizindua, na Lindi na Mtwara zikatengwa na Dar es Salaam tena kwa siku kadhaa. Tuta lilikuwa limezuia maji, na maji yalipata pa kutokea.

Madaraja ya mpakani

Mipakani mantiki ni nyingine: daraja linaweza kujengwa au kubomolewa kwa sababu ambayo haina uhusiano wowote na mizigo.

Daraja la Kyaka juu ya mto Kagera lililipuliwa na majeshi ya Idi Amin mapema Novemba 1978, baada ya kuvamia eneo la kaskazini mwa mto huo. Ndege zilijaribu kulipiga mabomu zikashindwa. Ikabidi aletwe mtaalamu wa baruti kutoka migodi ya Kilembe. Amin alidhani mto utakuwa mpaka wake mpya. JWTZ walivuka kwa daraja la muda la Bailey, ambalo ni uvumbuzi wa Waingereza wa wakati wa Vita vya Pili: vipande vya chuma vya urefu wa mita tatu hivi, kila kimoja kinabebwa na watu sita, vinapigwa pini na kusukumwa mbele juu ya maji bila kreni. Madaraja ya aina hiyo hadi leo ndiyo yanayookoa wilaya nyingi mvua ikibeba kalvati.

Rusumo, kati ya Ngara na Rwanda, palikuwa na daraja la njia moja la mwaka 1972. Mwisho wa Aprili 1994, katika muda wa kama saa 24, takriban watu 250,000 walivuka juu yake kwa miguu wakiingia Tanzania. Japani ilisaidia kujenga jipya, lililokamilika mwaka 2014. Dereva anayelivuka ana kazi moja ya ziada: Tanzania tunaendesha kushoto, Rwanda wanaendesha kulia, hivyo lazima abadilishe upande papo hapo mpakani.

Na kuna Daraja la Umoja juu ya Ruvuma, mita 720, lililofunguliwa Mei 2010 na marais Kikwete na Guebuza. Wazo lilikuwa la Nyerere na Samora Machel tangu mwaka 1975. Lilipokamilika, upande wa Msumbiji lilitua Negomano, porini, mbali na lami yoyote. Negomano hiyohiyo ndipo Jenerali von Lettow-Vorbeck wa Wajerumani alipovukia Novemba 1917 akiwakimbia Waingereza, akaishinda ngome ya Wareno na kujipatia bunduki na risasi. Wajenzi wa daraja hawakuwa wakimfuata yeye, bila shaka. Jeshi na wahandisi huvutwa na mahali palepale, pale mto unapovukika.

Njia ya Cape hadi Cairo, ambayo Waingereza waliiota, ilitakiwa kupita Mbeya, Iringa, Dodoma, Babati na Arusha. Arusha watakuonesha mnara wa saa na kukuambia ndiyo katikati ya Cape na Cairo. Ukipiga mstari wa moja kwa moja kwenye ramani, katikati inaangukia ndani ya Kongo. Lami kati ya Dodoma na Babati ilizinduliwa mwaka 2018, miaka 45 baada ya Dodoma kutangazwa makao makuu. Hapakuwa na shaba wala mafuta ya mtu yaliyokuwa yakingoja.

Nani analipa

Madaraja ya karibuni yanaonesha mabadiliko ya chanzo cha fedha. Kigongo–Busisi, kilomita tatu juu ya Ghuba ya Mwanza, refu kuliko yote nchini, lilifunguliwa Juni 2025 na serikali inasema limejengwa kwa fedha za ndani. Limeitwa jina la Magufuli, na liko kwenye njia ya kwenda Chato. Daraja la Tanzanite la Dar es Salaam lilijengwa kwa mkopo wa Korea Kusini ili kulipumzisha la Selander, ambalo tangu zamani wenyeji wanaliita Salenda. Mfugale na Kijazi, wahandisi wawili, waliachiwa majina yao kwenye madaraja ya juu ya Tazara na Ubungo, na ni heshima ambayo wahandisi hawaipati mara kwa mara.

Kigamboni ndilo lililoleta ugomvi. Lilifunguliwa Aprili 2016, mita 680, na sehemu kubwa ya fedha ilitoka NSSF, yaani kwenye akiba za uzeeni za wafanyakazi. Fedha hizo haziwezi kutolewa zawadi. Ni lazima zirudi. Ndiyo maana kuna vibanda vya malipo, na ndiyo maana watu wa Kigamboni wanauliza kwa nini wao walipie daraja wakati wa Ubungo anapita bure. Viwango vilipunguzwa mwaka 2022 lakini swali halikuisha.

Litarudi kwa ukubwa zaidi. Mpango uliopo ni kujenga barabara ya haraka ya kulipia kutoka Kibaha hadi Chalinze, kisha Morogoro, kwa ubia na sekta binafsi, huku barabara ya sasa ikibaki kwa asiyetaka kulipa. Mwekezaji anautaka mstari huo kwa sababu malori ya Zambia na Kongo yanapita hapo kila siku, na yatalipa. Hakuna aliyejitokeza kuomba kujenga ya kulipia kutoka Kibiti kwenda Lindi.